Daftari la Kompyuta na Namna Linavyotunza Hesabu



Msimu uliopita mwenzetu mmoja alikuja ofisini kudai kilo 40 za karafuu kavu ambazo hazikulipwa. Tulizitafuta siku tatu. Kumbe daftari letu lilimwandika pawili, huku Khamis na huku Hamisi. Kosa lilikuwa letu, wala hatulikatai. Na kwa kuwa baadhi yenu mmeuliza kama kompyuta itatulindia haki zetu au itazipoteza, twaeleza hapa habari za kanzidata, yaani daftari litunzwalo ndani ya mashine.

Ziko za namna nyingi. Ya zamani ni ya mti. Kampuni ya IBM iliitengeneza moja iitwayo IMS katika miaka ya 1960, kwa kuorodhesha vipande vya vyombo vya safari ya mwezini. Shina hutoa matawi, na kila tawi lina mzazi mmoja tu. Ni nyepesi kwa ashukaye kutoka juu. Lakini mwenye mashamba katika shehia mbili huandikwa mara mbili, na ndiyo hayo yaliyotupata sisi.

Mwaka 1970 Edgar Codd, Mwingereza aliyekuwa IBM, alieleza njia ya majedwali. Chukueni mfano wa wenzetu wa pamba huko Bariadi, mkoa wa Simiyu. Mkulima huuza pamba kwa chama chake cha ushirika, na pengine alikwisha kuchukua mbegu na dawa. Jedwali la kwanza lina nambari yake, jina na kijiji. La pili lina nambari ile ile, tarehe na kilo za mizani. La tatu, alivyochukua. Jina huandikwa mara moja tu. Nambari ndiyo iunganishayo, hata wakiwa akina Masanja wawili kijiji kimoja.

Iko pia ya hati, kama MongoDB iliyotoka mwaka 2009. Hiyo ni kama bahasha: kila mtu na yake, mmoja ana ramani ya shamba, mwingine hana. Kwa hesabu za fedha sisi twapendelea majedwali.

Ndani ya mashine, majedwali hukatwa kurasa ndogo ndogo, na pembeni huwekwa faharasa ili kumpata mtu bila ya kupekua zote. Kanzidata nyingi za majedwali huandika kwanza badiliko katika kitabu cha matukio, ndipo hurekebisha ukurasa. Umeme ukikatika katikati ya mizani, mashine ikiwaka husoma kitabu kile na kutengeneza yaliyokatika. Daftari letu la karatasi likilowa halina dawa.

Lakini mashine nayo haijui kwamba Khamis na Hamisi ni mmoja, akipewa nambari mbili. Basi kabla ya kuchuma, kila mwanachama na aje ofisini na kitambulisho chake, atutajie mashamba yake yote, apewe nambari moja.