Mmeoana kwa hiari, ukweni wanadai binti katekwa: fanyeni hivi

Huku kwetu Mara mambo huenda hivi. Kijana wa Bunda na binti wa Butiama wamekubaliana, mazungumzo ya ng'ombe wa mahari yamekwama, wawili hao wanapanda gari Kiabakari na kwenda kuanza maisha. Wiki haijaisha, baba yuko kituoni: mwanangu ametekwa. Kijana anawekwa ndani.

Kifungu cha 133 cha Kanuni ya Adhabu kinamtia hatiani anayemchukua mwanamke wa umri wowote bila ridhaa yake kwa nia ya kumwoa. Kifungo ni hadi miaka 7. Ridhaa inayotajwa ni ya mwanamke mwenyewe, si ya baba wala ya ukoo. Kwa hiyo kazi yenu kubwa ni moja: kauli ya binti isikike mapema na iandikwe.

1. Thibitisheni umri kwanza. Tazameni cheti cha kuzaliwa au kitambulisho cha NIDA, msitegemee maneno. Akiwa chini ya miaka 18, acheni kabisa. Kukubali kwa mtoto hakumwokoi mtu mbele ya sheria. Mwaka 2016, katika kesi ya Rebeca Gyumi, Mahakama Kuu ilisema vifungu vya Sheria ya Ndoa vinavyoruhusu binti kuolewa chini ya miaka 18 vinakwenda kinyume na Katiba, na mwaka 2019 Mahakama ya Rufani ikaunga mkono. Tena, hata akiwa ametimiza 18, kama bado yuko shule ya msingi au sekondari, kumwoa kunaweza kukupeleka jela miaka 30 kwa Sheria ya Elimu. Subirini amalize.

2. Fungeni ndoa kwa utaratibu. Sheria ya Ndoa ya 1971 inataka taarifa itolewe kwa msajili siku 21 kabla. Kwa ndoa ya bomani, anzieni ofisi ya mkuu wa wilaya. Wengine waanzie kanisani au msikitini. Anayepinga lazima alete sababu ya kisheria, kwa mfano undugu wa karibu. Binti wa miaka 18 na zaidi hahitaji kibali cha baba, na kifungu cha 41 kinasema wazi kwamba mahari kutolipwa hakuibatilishi ndoa. Muwe na mashahidi wawili, na nakala ya cheti muiache kwa mtu mnayemwamini.

3. Binti aende kituoni mwenyewe. Mkisikia tu kwamba mmelalamikiwa, asisubiri kutafutwa. Aende Dawati la Jinsia na Watoto, mume abaki nje ya chumba, ili pasiwe na wa kusema alilazimishwa. Maelezo yawe mafupi: "Nina miaka 22. Nimeondoka nyumbani kwa hiari yangu. Sikutekwa, sikudanganywa, sikutishwa. Ninaishi Bunda na mume wangu na ninapatikana kwa simu." Asomewe kabla ya kusaini. Kama anatishiwa na ndugu, aliseme hilo papo hapo na liandikwe.

4. Ukikamatwa, tulia. Usikimbie, usibishane. Uliza unatuhumiwa kosa gani, kisha omba ndugu yako au wakili ajulishwe. Usipopewa dhamana, unatakiwa ufikishwe mahakamani ndani ya saa 24 au mapema iwezekanavyo baada ya hapo. Dhamana haiuzwi; anayekudai hela, mripoti TAKUKURU kwa namba 113. Asiye na uwezo wa kumlipa wakili atafute wasaidizi wa kisheria wanaotambuliwa na sheria ya mwaka 2017. Huduma yao ni bure.

5. Wazee wapatane nje ya mahabusu. Tumeni mshenga anayeheshimika pande zote mbili, mkaombe radhi kwa kuondoka bila kuaga. Ng'ombe waliobaki wazungumzwe nyumbani. Kijana aliye ndani asisaini karatasi ya faini inayosema "nimekiri kumtorosha": ataonekana amekiri kosa ambalo hakutenda.

Mambo haya yasitumiwe kumfunika mhalifu. Wapo mabinti wanaochukuliwa kwa nguvu kweli, na Nyumba Salama ya Kiabakari inawapokea wanaokimbia ukeketaji na ndoa za kulazimishwa. Hao ndio wanaohitaji kila askari na kila saa ya dawati, na lalamiko la uongo linawanyima.

Mzazi mwenzangu, uchungu wako unaeleweka. Lakini kabla ya kwenda kufungua jalada, mpigie binti yako simu umuulize: umeondoka kwa hiari yako? Akiwa mtu mzima na jibu likawa ndiyo, hapo hakuna kesi ya utekaji. Kuna ukwe wa kujengwa, nao haujengwi kwa pingu.