Kaimu na Amana: Somo Kutoka Sudan

Tunapenda ndugu zetu wasomaji waizingatie habari ya mtu aliyepewa nchi kwa muda, na muda ulipotimia akairudisha.

Mwisho wa Machi 1985 watu wa Khartoum walitoka mabarabarani kwa ughali wa mkate na dhiki ya maisha. Madaktari, mawakili na wafanyakazi wengine wakagoma. Rais Jaafar Nimeiry, aliyetawala tangu 1969, alikuwa safarini Marekani. Tarehe 6 Aprili jeshi likamwondoa, na Jenerali Abdel Rahman Swar al-Dahab, Waziri wake wa Ulinzi, akashika nchi. Akaahidi kuwa baada ya mwaka mmoja watu watachagua serikali yao.

Ahadi za namna hii ni nyingi duniani. Wenye kuzitimiza ni wachache. Baraza lake la kijeshi liliweka mawaziri raia chini ya Daktari al-Jazuli Dafallah. Vyama vikarudi, na Aprili 1986 kura zikapigwa. Mwezi wa Mei Sadiq al-Mahdi akawa Waziri Mkuu, na jenerali akaenda zake. Baadaye alitumikia kazi ya daawa mpaka alipofariki mwaka 2018, akazikwa Madina.

Hatusemi kwamba alitengeneza kila kitu. Vita vya kusini havikwisha, na majimbo mengi ya huko hayakuweza kupiga kura. Tena mwaka 1989 jeshi liliipindua serikali ile iliyochaguliwa. Huenda mtu akauliza: basi faida yake nini?

Jawabu tunalo katika mambo tuyajuayo. Wasii wa mayatima haulizwi namna watakavyotumia mali yao baada ya kubaleghe na kuwa na akili timamu; huulizwa kama aliwakabidhi. Jenerali huyu angetaka udhuru, vita vilikuwapo. Angesema, “Nchi haijatulia, nipeni mwaka mwengine.” Na mwaka wa pili udhuru usingekosekana. Udhuru wa mwenye kiti hauna mwisho.

Sasa tujitazame wenyewe. Katika miji yetu ya pwani, mtu huwekwa kaimu wa jumuiya, wa madrasa au wa wakfu mpaka mkutano ujao. Mkutano hauitwi, hesabu haisomwi, na kaimu hugeuka mwenye mali. Akiulizwa, husema hakuna mwengine anayeiweza kazi. Na sisi tunaomsengenya barazani tuna sehemu yetu katika kosa hilo, kwani hatukumtajia siku ya kuondoka.

Basi tushike mambo matatu: muda wa kaimu utajwe mbele ya watu na uandikwe, hesabu isomwe kabla ya kukabidhi, na siku ikifika, mkutano uitwe hata kama mambo hayajatengenea yote. Amana hairudishwi kwa kungojea iwe kamili. Hurudishwa wakati wake ukifika.