Viambishi vya Masharti -ki-, -nge- na -ngali-: Kisa cha Kuzama kwa Númenor

Madhumuni. Baada ya somo hili, mwalimu tarajali ataweza kutofautisha viambishi vitatu vya masharti, kuvitumia kwa usahihi na kueleza kwa nini tofauti hiyo si ya umbo tu.

Kifungu cha kusoma

J.R.R. Tolkien, mtunzi wa hadithi za kubuni, kwa kazi yake alikuwa mwalimu wa lugha katika Chuo Kikuu cha Oxford, Uingereza, tangu mwaka 1925. Katika kitabu chake *The Silmarillion*, kilichochapishwa mwaka 1977 baada ya kifo chake, kimo kisa cha kisiwa cha Númenor. Wenyeji wake walijaliwa maisha marefu kuliko wanadamu wengine, lakini walikatazwa jambo moja: wasisafiri kuelekea magharibi hadi wasiione tena nchi yao, kwa maana upande huo ilikuwako nchi ya wasiokufa.

Mfalme wa mwisho, Ar-Pharazôn, aliogopa mauti. Sauron, adui aliyeletwa kisiwani kama mateka akageuka mshauri, alimshawishi kwamba atakayeiteka nchi ile hatakufa. Mfalme akaunda merikebu nyingi, akasafiri. Alipokanyaga ufuo uliokatazwa, Muumba alibadili umbo la dunia. Bahari ilipasuka, merikebu zikaporomoka shimoni, nacho kisiwa kikazama pamoja na Malkia Míriel, aliyekuwa akikimbilia kilele cha mlima. Dunia iliyokuwa bapa ikawa mviringo, na nchi ya wasiokufa ikaondolewa humo. Elendil, wanawe na wafuasi wao walinusurika katika merikebu tisa.

Maelezo

Hebu tuichukue sentensi moja na kuisema katika nyakati tatu za kisa hiki.

(a) Mfalme akitii, kisiwa kitabaki.
(b) Mfalme angetii, kisiwa kingebaki.
(c) Mfalme angalitii, kisiwa kingalibaki.

Sentensi (a) yafaa kusemwa kabla ya merikebu kuundwa. Msemaji haelemei upande wowote: huenda mfalme akatii, huenda asitii. Sentensi (b) yafaa merikebu zikiwa tayari bandarini. Msemaji aona kwamba mfalme hatii, lakini nafasi ya kutii bado ipo. Asemalo ni dhana, tena ni dhana yenye tumaini. Sentensi (c) yaweza kusemwa na Elendil peke yake, akiwa baharini, akitazama mahali palipokuwa kwao. Sharti halikutimizwa na haliwezi kutimizwa tena. Kama wasemavyo wahenga, majuto ni mjukuu. Nacho kiambishi -ngali- ndicho kiambishi cha majuto.

Kwa hiyo twasema kwamba -ki- huuacha mlango wazi, -nge- huurudisha bila kuufunga, na -ngali- huufunga kwa kufuli.

Kanuni za kuzingatia

1. Viambishi -nge- na -ngali- hutumika kwa jozi. Kinachotumika katika kishazi cha sharti ndicho kinachotumika katika kishazi cha matokeo.
2. Ukanushi huwekwa kwa -si- kabla ya kiambishi cha sharti: *Mfalme asingalisafiri, kisiwa kisingalizama*.
3. Vitenzi vya silabi moja hubaki na ku- baada ya -nge- na -ngali-: *angekuja, angalikufa*. Baada ya -ki- huipoteza: *akija, akifa*.
4. Tusichanganye -ngali- ya masharti na *-ngali* yenye maana ya "bado". Katika *kisiwa kingali kinaonekana*, kisiwa kipo, na *kingali* ni neno linalojitegemea. Katika *kisiwa kingalionekana*, kisiwa hakionekani kamwe. Nafasi moja tu kati ya maneno yatenga uhai na maangamizi.

Makosa ya kutarajiwa

Wanafunzi wetu huja darasani na lugha zao za kwanza. Anayezungumza Kiganda, kwa mfano, amezoea neno *singa* mwanzoni mwa kishazi cha sharti na kiambishi -andi- katika kishazi cha matokeo. Si ajabu basi akiandika: *Kama mfalme alitii, kisiwa kingebaki*. Amehamisha muundo wa kwao, akaacha kitenzi cha kwanza bila kiambishi cha sharti. Tusimkemee, tumwonyeshe kwamba katika Kiswahili sanifu vitenzi vyote viwili hubeba mzigo huo, na kwamba *kama* si lazima.

Ni vema pia tukiri kwamba wazungumzaji wengi siku hizi hutumia -nge- hata kwa mambo yaliyopita, na kwamba umbo -ngeli- husikika mara kwa mara. Katika mazungumzo tusilihesabu hilo kuwa kosa. Hata hivyo, katika maandishi rasmi tuidumishe tofauti, kwa sababu ifuatayo.

Mwalimu anapojaza ripoti ya mwanafunzi aliyeshindwa mtihani, anaweza kuandika *Angejitahidi, angefaulu*, au *Angalijitahidi, angalifaulu*. Sentensi ya kwanza yamwambia mzazi kwamba mtoto angali na nafasi. Ya pili yamwambia kwamba mambo yamekwisha. Mzazi huyo akiisoma kwa makini, huenda akaamua kwa silabi hiyo moja kama atatafuta karo ya muhula ujao. Mabaharia wa Númenor hawakuwa na njia ya kuirudisha dunia ya zamani. Mwanafunzi wetu anayo, nasi tusimwandikie -ngali- kabla ya wakati wake.

Zoezi

1. Kanusha vishazi vyote viwili: *Elendil angalichelewa, angalizama*.
2. Tunga sentensi tatu kuhusu Malkia Míriel na kilele cha mlima kwa kutumia -ki-, -nge- na -ngali-. Eleza kila moja ingesemwa wakati gani wa kisa.
3. Sahihisha na ueleze kosa: *Kama Sauron hakuja kisiwani, watu wasingekufa*.
4. Andika maoni ya ripoti kwa wanafunzi wawili: mmoja anayeweza kurudia mtihani, mwingine aliyekosa nafasi hiyo. Teua kiambishi kifaacho kwa kila mmoja, kisha utetee uteuzi wako mbele ya wenzako.