Maisha ya Wawindaji na Maisha ya Wakulima



Hapa kwetu Bisibo tunalima. Tunapanda mihogo, mahindi, maharage na migomba. Je, watu waliishi hivi tangu mwanzo? La. Kwa muda mrefu sana binadamu wote hawakulima. Waliwinda wanyama, walichimba mizizi na kuchuma matunda. Hawakuwa na ghala wala kijiji cha kudumu. Chakula kikipungua, walihama.

Katika nchi yetu wapo Watanzania wenzetu wanaojua maisha hayo hadi leo. Ni Wahadzabe, wanaoishi karibu na Ziwa Eyasi. Wao ni kama watu 1,300 hivi, na ni wachache kati yao wanaotegemea pori peke yake. Wanaume huwinda kwa upinde na mishale, tena hurina asali. Wanawake huchimba mizizi kwa vijiti vilivyochongwa, huchuma matunda na kuokota ubuyu. Nyama kubwa ikipatikana, kambi nzima hula. Kuificha hakufai kitu, maana itaoza.

Wengine husema ati watu hao hawana elimu. Si kweli. Wanajua kila mti, kila unyayo na kila majira.

Katika mkoa wetu wa Kagera kilimo ni cha zamani. Zaidi ya miaka 2,000 iliyopita walikuwapo watu waliofinyanga vyungu na kuyeyusha chuma. Mabaki ya kazi yao yamechimbuliwa Katuruka, upande wa Bukoba. Ukiwa na shoka na jembe la chuma, kufyeka na kulima huwa rahisi.

Kilimo kilileta faida kubwa. Shamba hulisha watu wengi kuliko pori la ukubwa huo huo. Watu waliongezeka, wakajenga vijiji, wakaweka akiba.

Lakini hasara pia ipo. Mwindaji akikosa nyama, anayo mizizi. Akikosa mizizi, yapo matunda. Mkulima wa zao moja likiharibika, basi, amekosa yote. Sisi watu wa Kagera tunalijua hilo. Mnyauko wa migomba ulipoingia mkoani katika miaka ya 2000, watu waling'oa migomba waliyoitegemea.

Je, turudi porini? Hapana. Sisi ni wengi, pori halitutoshi. Tena kuwinda bila kibali ni kosa. Tuchukue busara yao tu: tusitegemee chakula cha aina moja. Panda mihogo, lakini weka na mtama, maharage na viazi. Usidharau mboga za asili kama mnafu.

Wazee wetu wanazijua mboga nyingi za porini. Wakiondoka, ujuzi huo utapotea. Wewe sasa unajua kuandika. Chukua daftari, uwaulize, uandike.

MASWALI

1. Wahadzabe hupata chakula gani porini?
2. Taja faida moja na hasara moja ya kilimo.
3. Zao lako kubwa likiharibika mwaka huu, nyumbani mtakula nini?