Mhariri wa Filamu na Andalio la Somo

Katika mazoezi ya kufundisha tulimwona mwanachuo mmoja akiingia darasa la tano na andalio la kurasa nne juu ya namna mvua inavyopatikana. Kengele ililia akiwa katika hoja ya tatu, na chati aliyoichora usiku kucha ikabaki imekunjwa. Tulipomwuliza ni lipi angaliweza kuliacha, alijibu kuwa yote yalikuwa muhimu. Kosa hilo ni letu wakufunzi, kwani maandalio tumekuwa tukiyasahihisha kwa wingi wa hoja, wala hatujafundisha kazi ya kuacha.

Kazi hiyo ndiyo ustadi wa mhariri wa filamu. Yeye hupokea vipande vyote vilivyopigwa, huvitazama, huchagua, hukata na kuunga mpaka hadithi isimame. Tutwae mfano wa Walter Murch wa Marekani, aliyezaliwa mwaka 1943. Alikuwa mmoja wa wahariri wa Apocalypse Now, iliyotoka mwaka 1979. Filamu iliyopigwa ilikuwa ya saa zaidi ya 230, nayo iliyoonyeshwa haikufika saa mbili na nusu. Yaani kwa kila dakika iliyobaki, dakika 95 hivi ziliwekwa kando.

Je, aliamuaje? Murch ametaja vigezo sita vya kukata. Hisia ya mtazamaji ameipa asilimia 51, hadithi 23 na mwendo 10. Vingine vitatu vinagawana zilizosalia. Tena huweka kando ya kioo cha kazi vikaratasi vilivyokatwa kwa umbo la watu wadogo, ili asisahau ukubwa wa picha atakayoiona mtazamaji ukumbini. Daima anamfikiria aliyeketi mbele ya picha. Mwalimu naye hana budi kumfikiria aliyeketi kwenye dawati.

Kwa hiyo tunapendekeza zoezi hili kwa wanachuo:

1. Andika kila hatua ya somo katika kipande chake cha karatasi.
2. Nyuma yake andika mwanafunzi atafanya nini au atajiuliza nini wakati huo. Kipande kisicho na jibu kiweke kando.
3. Vipange vilivyobaki, umsomee mwenzako. Kisha ondoa kimoja na usome tena. Asipoona pengo, hakikuhitajika.
4. Vilivyoachwa vihifadhi katika bahasha. Huenda vikafaa kipindi kingine.

Lakini tusisahau tofauti moja. Mhariri hukata mezani, na filamu ikiisha kutoka haimsikilizi mtazamaji. Darasa hujibu. Mwalimu atalazimika kukata tena akiwa amesimama, chaki mkononi, pindi aonapo macho ya watoto yamehamia dirishani. Aliyejizoeza kuacha nyumbani hatababaika hapo. Nasi wakufunzi, tunaposahihisha andalio, tuombe pia kuiona bahasha.