Waraka na Kibarua: Mafundisho Jamii ya Kanisa Katoliki Kuhusu Kazi na Haki, Yakitazamwa Kutoka Kitengela na Kajiado

Utangulizi

Kiswahili cha Kenya huizungumzia ajira kwa msamiati wa karatasi na kalamu. Mtu akipata kazi husemwa kuwa ameandikwa. Akiachishwa, amepigwa kalamu. Anayelipwa kwa siku huitwa kibarua, neno ambalo asili yake ni barua ndogo. Kanisa Katoliki nalo limeyatoa mafundisho yake makuu kuhusu kazi kwa njia ya karatasi, yaani nyaraka za Mapapa, kuanzia ule wa mwaka 1891. Makala hii inakusudia kuzikutanisha karatasi hizo mbili, waraka na kibarua, katika mazingira ya mji wa Kitengela na Kaunti ya Kajiado kwa jumla. Hoja inayotetewa ni kwamba mafundisho hayo yamekua kwa kumtanguliza mtu mbele ya karatasi iliyomwandika, na kwamba thamani yake hupimwa langoni mwa kiwanda, si katika maktaba.

Kibarua: Neno na Sarufi Yake

Hapo awali kibarua kilikuwa cheti alichopewa mfanyakazi wa siku ili kuthibitisha kwamba alifanya kazi na anastahili ujira. Baadaye jina la cheti likamhamia mwenye cheti. Mabadiliko ya namna hii ni ya kawaida katika lugha, lakini hapa yana uzito wa pekee, kwani binadamu alipewa jina la karatasi aliyoishika. Historia ya ukoloni nchini Kenya inalo neno jingine la ukoo huo. Sheria ya usajili ya mwaka 1915, iliyoanza kutekelezwa baada ya Vita Vikuu vya Kwanza, ilimlazimu mwanamume Mwafrika kubeba kipande, ambacho mara nyingi kilitiwa katika kikopo cha chuma na kuvaliwa shingoni. Mwajiri ndiye aliyetia sahihi ya kumwachilia mfanyakazi. Aliyeondoka bila sahihi hiyo alihesabiwa kuwa mtoro.

Hata hivyo, sarufi ya Kiswahili haikukubali kumgeuza mtu kuwa cheti moja kwa moja. Kwa umbo, neno kibarua ni la ngeli ya KI-VI. Lakini linapomtaja mtu huchukua upatanisho wa ngeli ya A-WA: kibarua amefika, vibarua wamelipwa. Linapoitaja kazi yenyewe, upatanisho hurejea KI-VI, kama katika msemo wa aliyepoteza kazi: kibarua chake kimeota nyasi. Neno ni moja, viambishi ni viwili. Msemaji wa Kiswahili hawezi kulitumia bila kuchagua kama anamzungumzia mtu au kitu. Uchaguzi huo ndio kiini cha Mafundisho Jamii ya Kanisa kuhusu kazi.

Kutoka Ujira hadi Utu

Waraka wa kwanza katika mkondo huu ni Rerum Novarum, uliotolewa na Papa Leo XIII tarehe 15 Mei 1891, miaka minne kabla ya Uingereza kuitangaza Afrika Mashariki yake kuwa nchi lindwa. Uliandikwa kwa kuitazama Ulaya ya viwanda. Leo XIII aliitetea haki ya kumiliki mali na kuupinga usoshalisti. Pamoja na hayo, alifundisha kwamba makubaliano kati ya mwajiri na mwajiriwa hayatoshi kuufanya ujira uwe wa haki. Anayekubali malipo duni kwa kusukumwa na njaa hakukubali kwa hiari, amelazimishwa. Juu ya mkataba wowote ipo haki ya asili, inayodai ujira umtosheleze mfanyakazi anayeishi kwa kiasi. Aidha, aliukumbusha ulimwengu onyo la Waraka wa Yakobo, kwamba ujira uliozuiliwa hulia mbele za Mungu, na akaitetea haki ya wafanyakazi kuunda vyama vyao.

Miaka 40 baadaye, katika Quadragesimo Anno ya mwaka 1931, Papa Pius XI aliupanua upeo huo. Ujira wa haki haumhusu mfanyakazi peke yake, bali na familia yake. Hapa msemo mwingine wa Kiswahili unaweza kuwa ufafanuzi bora kuliko kurasa nyingi: aliyefutwa kazi husemwa kuwa amemwaga unga. Msemo huu hautaji fedha wala cheo. Unakitaja chakula cha jioni na wale waliokuwa wakikingoja. Pius XI ndiye pia aliyeifafanua kanuni auni, inayosema kwamba jambo linaloweza kutekelezwa na jumuiya ndogo lisinyakuliwe na mamlaka ya juu.

Papa Yohane XXIII, katika Mater et Magistra ya mwaka 1961, aliwataka wafanyakazi washirikishwe katika mambo ya kampuni zao. Ndiye pia aliyeipendekeza njia ya hatua tatu ya kutazama, kupambanua na kutenda. Kisha Populorum Progressio ya Papa Paulo VI, mwaka 1967, ikaichukua hoja ya Leo XIII kuhusu mkataba usio huru na kuielekeza kwa mataifa: biashara kati ya nchi tajiri na nchi maskini haiwi ya haki kwa sababu tu pande zote mbili zimetia sahihi.

Mkondo huu ulifikia kina chake tarehe 14 Septemba 1981, Papa Yohane Paulo II alipotoa Laborem Exercens. Waraka huu unatofautisha pande mbili za kazi: kile kinachofanywa na yule anayekifanya. Thamani ya kazi hutokana kwanza na mtenda, si na bidhaa. Kazi ni kwa ajili ya mtu. Mtu si kwa ajili ya kazi. Kwa sababu hiyo nguvu kazi hutangulia mtaji, na ujira wa haki ndio kipimo cha kuuhukumu mfumo mzima wa uchumi. Kwa lugha ya isimu, waraka huu unasisitiza kiambishi a- pale ambapo soko limezoea ki-.

Kitengela na Mwajiri Asiyeonekana

Mafundisho haya yanaipata wapi Kitengela? Kwa muda mrefu nyanda hizi zilikuwa malisho ya Wamaasai na njia ya wanyamapori watokao Mbuga ya Taifa ya Nairobi. Sheria ya mwaka 1968 ilianzisha ranchi za pamoja. Baadaye ranchi nyingi ziligawanywa na viwanja vikauzwa. Mwaka 1990 ilipitishwa Sheria ya Maeneo Huru ya Uzalishaji kwa Mauzo ya Nje, yajulikanayo kama EPZ, na eneo kubwa likajengwa Athi River, ng'ambo tu ya mpaka wa Kajiado na Machakos. Baada ya Marekani kufungua soko lake kwa sheria ya AGOA mwaka 2000, viwanda vya nguo viliongezeka, na Kitengela ikawa mji wa kulala na kupanga wa wafanyakazi wake. Viwanda vya saruji, mashamba ya maua na machimbo ya mawe navyo vikavuta watu. Idadi ya wakazi wa Kajiado ilipanda kutoka 687,312 katika sensa ya mwaka 2009 hadi 1,117,840 katika ile ya mwaka 2019. Ukame mkali wa mwaka 2009, na ule uliofuatia kati ya 2020 na 2023, uliangamiza mifugo mingi na kuwasukuma hata baadhi ya wafugaji kutafuta ujira. Ni katika hali kama hii ambapo Laudato Si', waraka wa Papa Fransisko wa mwaka 2015, hueleweka bila mfasiri: kilio cha ardhi na kilio cha maskini ni kilio kimoja.

Mwanzoni mwa mwaka 2003, muda mfupi baada ya serikali ya NARC kuingia madarakani, maelfu ya wafanyakazi wa EPZ waligoma wakidai malipo bora, mazingira ya kazi yenye utu na uhuru wa kujiunga na chama. Swali lililojitokeza lilikuwa gumu: nani hasa mwajiri? Mwenye kiwanda hutaja bei ya mnunuzi wa ng'ambo. Mnunuzi hutaja ushindani wa soko. Serikali hutaja hofu ya wawekezaji kuhama. Laborem Exercens ulikuwa umelijibu swali hili miaka 22 kabla. Waraka huo unamtaja mwajiri asiye wa moja kwa moja, yaani watu, taasisi, sheria na mikataba ya kimataifa inayoamua masharti ya kazi bila kumwandika mtu yeyote. Mwajiri huyu haonekani langoni, lakini analo jukumu. Mshona shati wa Athi River hufanya kazi chini ya wakuu wengi asiowajua, na mafundisho haya yanakataa kila mmoja wao amsukumie mwenzake lawama.

Hapa pia upungufu wa nyaraka za mwanzo hujitokeza. Rerum Novarum na Quadragesimo Anno zinamwaza mfanyakazi kama baba anayeilisha familia yake. Katika vyumba vya kushonea vya EPZ walio wengi ni wanawake, na baadhi yao ndio walishaji pekee wa nyumba zao. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 inampa mwanamke miezi mitatu ya likizo ya uzazi yenye malipo, lakini kibarua ambaye mapatano yake hufa jua likitua atamdai nani likizo hiyo?

Sheria, Kanisa na Kipimo cha Haki

Sheria hiyo hiyo, katika kifungu cha 37, inaeleza kwamba kibarua aliyefanya kazi mfululizo kwa siku zisizopungua mwezi mmoja huhesabiwa kuwa na mkataba wa kulipwa kwa mwezi. Kifungu cha 41 cha Katiba ya mwaka 2010 nacho kinampa kila mtu haki ya kutendewa kwa usawa kazini, na kinawapa wafanyakazi haki ya ujira wa haki, ya kuunda vyama na ya kugoma. Kwa hiyo pengo lililopo si la maneno. Mwajiri anayemwondoa kibarua kabla mwezi haujatimia, kisha akamwita tena, hajaikana karatasi. Ameitumia karatasi kumkana mtu. Methali inayosema mnyonge mnyongeni lakini haki yake mpeni inaonya dhidi ya ujanja wa namna hiyo.

Kanisa lenyewe halimo nje ya mizani hii. Sinodi ya Maaskofu ya mwaka 1971, katika tamko lake kuhusu haki duniani, ilikiri kwamba anayethubutu kuwahubiria wengine haki lazima yeye mwenyewe aonekane kuwa mwenye haki, na ikataka wanaolitumikia Kanisa wapate riziki ya kutosha na hifadhi ya jamii. Agizo hilo linazihusu parokia, shule na zahanati za Jimbo Katoliki la Ngong, linalohudumia kaunti za Kajiado na Narok, kama linavyozihusu taasisi za Kanisa popote pengine. Mlinzi wa lango la parokia, mpishi wa shule na katekista ni wasomaji wa kwanza wa waraka wowote wa kijamii, hata kama hawajawahi kuushika mkononi. Jumuiya Ndogo Ndogo za Kikristo, ambazo maaskofu wa Afrika Mashariki walizifanya kipaumbele katika miaka ya 1970, zinatoa nafasi ya kuitekeleza ile njia ya kutazama, kupambanua na kutenda, kwani ndani yake hukaa pamoja mwenye nyumba za kupangisha, msimamizi wa kiwanda na kibarua.

Hitimisho

Makala hii imeonyesha kwamba mafundisho ya Kanisa kuhusu kazi yamepanuka kutoka ujira wa mtu mmoja, hadi familia, hadi mataifa, hadi mazingira, huku msingi wake ukibaki utu wa mtenda kazi. Mkondo huo haujakatika. Papa Leo XIV, aliyechaguliwa tarehe 8 Mei 2025, alieleza kwamba alilichagua jina hilo kwa kumkumbuka mwandishi wa Rerum Novarum, kwa kuwa akili mnemba inaleta maswali mapya kuhusu utu, haki na kazi. Kwa wanafunzi na wahadhiri wa Kiswahili, kazi iliyopo ni kuyafasiri mafundisho haya kwa lugha ambayo kibarua mwenyewe anaitumia, maana lugha hiyo tayari ina hoja ndani yake. Kinachoota nyasi ni kibarua cha ki-. Kibarua wa a- hurudi nyumbani Kitengela jioni, na huko anangojwa na wanaotaka kujua kama unga umepatikana.