Kipaji au Cheti? Mabingwa wa Sataranji Walivyojibu

Kila muhula hosteli haikosi mwenzetu anayejiuliza swali hili: nifuate kipaji au nimalize digrii? Kuna anayeimba, kuna anayecheza mpira, na kuna yule anayekesha na ubao wa sataranji hadi lekcha ya saa mbili asubuhi inampita. Leo tuwasome hao wa sataranji. Mabingwa wao tunawajua toka enzi na enzi, na tunajua pia maisha yao yaliishia wapi. Hapo ndipo penye somo.

Jipime kwanza, na usichungulie majibu!

1. Bingwa gani wa dunia alikaa na taji miaka 27, na jina lake bado linatajwa kwenye madarasa ya hisabati?
2. Ni mwalimu gani wa shule ya wasichana aliyemvua taji Alexander Alekhine?
3. Nani alikataa kutetea ubingwa wake, na alipofariki umri wake ulilingana na idadi ya miraba ya ubao?
4. Nani alikuwa grandimasta, kisha akawa mchumi mkuu wa Shirika la Fedha la Kimataifa (IMF)?
5. Binti gani wa Katwe, Kampala, maisha yake yalitengenezewa filamu?

Jibu la 1: Emanuel Lasker

Mjerumani huyu alichukua taji mwaka 1894 kutoka kwa Wilhelm Steinitz na kukaa nalo hadi 1921. Hakuna aliyefikia muda huo mpaka leo. Steinitz, bingwa wa kwanza rasmi wa dunia tangu 1886, alifariki New York mwaka 1900 akiwa fukara. Jambo hilo lilimgusa sana Lasker, naye akaapa moyoni kwamba yeye hatafika huko. Tangu hapo akawa mgumu kwenye malipo: asiyetoa dau la maana hapati mechi. Wapo waliomwona mchoyo. Lakini jamani, alikuwa ameona mwisho wa aliyemtangulia.

Wakati huohuo hakuacha shule. Alipata udaktari wa hisabati katika Chuo Kikuu cha Erlangen, na mwaka 1905, akiwa bado bingwa wa dunia, alichapisha utafiti ambao baadaye Emmy Noether aliuendeleza. Ukisoma aljebra ya juu utakutana na nadharia ya Lasker na Noether. Ndiye huyohuyo!

Jibu la 2: Max Euwe

Mholanzi Euwe alikuwa na udaktari wa hisabati na alifundisha shule ya wasichana Amsterdam. Mwaka 1935 alimshinda Alekhine kwa pointi 15½ kwa 14½. Miaka miwili baadaye walirudiana, na Alekhine akarudisha taji lake. Kwa mwingine huo ungekuwa msiba. Euwe alikuwa na darasa la kurudia. Baadaye akawa profesa wa mambo ya kompyuta, na kuanzia 1970 hadi 1978 akawa rais wa FIDE, shirikisho la sataranji la dunia.

Wa aina yake hakuwa peke yake. Mikhail Botvinnik wa Urusi ya Kisovieti, bingwa kwa mara ya kwanza mwaka 1948, alikuwa mhandisi wa umeme mwenye shahada ya juu. Alifundisha vijana pia, na kati yao wametoka Karpov, Kasparov na Kramnik, wote mabingwa wa dunia.

Jibu la 3: Bobby Fischer

Huyu ndiye anayetajwa sana na wanaotaka kuacha chuo. Alipata cheo cha grandimasta akiwa na miaka 15, akaacha shule akiwa na 16, na mwaka 1972 akamshinda Boris Spassky mjini Reykjavik, Iceland. Mpaka hapo hesabu yake imekubali kabisa.

Tuendelee sasa. Mwaka 1975 alikataa masharti ya kucheza na Karpov, akapoteza taji bila kusogeza kete hata moja. Akapotea kwenye mashindano kwa miaka mingi. Mwaka 1992 alirudiana na Spassky huko Yugoslavia, wakati nchi hiyo iko chini ya vikwazo, na Marekani ikatoa hati ya kumkamata. Mwaka 2004 alikamatwa uwanja wa ndege Japani. Iceland ikampa uraia, na huko alifariki mwaka 2008 akiwa na miaka 64.

Hatusemi aliharibikiwa kwa sababu hakumaliza shule. Mambo yake yalikuwa mengi. Ila alipoondoka kwenye ubao, hakuwa na mahali pengine pa kusimama.

Jibu la 4: Kenneth Rogoff

Mmarekani huyu naye aliacha sekondari kijana kabisa, akaenda kucheza sataranji Ulaya. Tofauti ni kwamba alirudi. Alisoma Yale, akapata udaktari wa uchumi MIT, na mwaka 1978 akapewa ugrandimasta. Kisha akachagua uchumi moja kwa moja. Alikuwa mchumi mkuu wa IMF kuanzia 2001 hadi 2003, na ni profesa wa Harvard.

Jibu la 5: Phiona Mutesi

Wa jirani kabisa. Alianza kwenda kwenye mafunzo ya Robert Katende pale Katwe wakati watoto wengi walifuata kikombe cha uji. Sataranji ikampeleka kwenye Olimpiadi za mchezo huo, na mwaka 2016 ikatoka filamu ambayo Lupita Nyong'o aliigiza kama mama yake. Baadaye Phiona akaenda kusoma chuo kikuu Marekani. Kwake, kipaji ndicho kilichofungua mlango wa darasa.

Tunajifunza nini?

Kwanza, hakuna kanuni moja. Lasker alibeba vyote viwili, Rogoff alitoka akarudi, Phiona alianzia kwenye ubao akafika darasani. Usimwambie mwenzako kwamba kipaji chake ni kupoteza muda.

Pili, swali la kujiuliza si "nitashinda?" Hata mabingwa wa dunia walishindwa mwishowe. Jiulize: siku nikishindwa, kesho yake nitaamkia wapi?

Tatu, kuna tofauti kubwa kati ya kuondoka na kutoroka. Vyuo vingi vina utaratibu wa kuahirisha masomo. Kama una mashindano au mkataba wa kweli, andika barua, pata kibali, nafasi yako ikusubiri. Anayekacha vipindi kimyakimya anarudi kukuta sapu zimejaa, na akizidi anadisko. Huyo hajachagua kipaji, amechaguliwa na matokeo.

Umepata mangapi kati ya matano?